Nani Mwenye Ramani ya Kibanja?

Umoja wa Ulaya una sheria namba 2023/1115, ambayo wafanyabiashara wa kahawa wa Hamburg huitaja kwa herufi zake nne tu: EUDR. Inahusu bidhaa saba, yaani kahawa, kakao, soya, mawese, mpira, mbao na ng'ombe. Sheria hii ikianza kutumika, gunia la kahawa halitauzwa Ulaya bila maelezo ya shamba lilikotoka: liko wapi hasa juu ya uso wa dunia, na kama pamefyekwa msitu hapo baada ya Desemba 31, 2020. Ilipangwa ianze Desemba 30, 2024, ikasogezwa mbele mwaka mmoja. Desemba 2025 ikasogezwa tena. Kampuni kubwa na za kati sasa zina muda hadi Desemba 30, 2026, na zilizo ndogo hadi Juni 30, 2027.

Katikati ya kuahirishwa huko kuwili ndipo mimi na mwenzangu tulipoijenga kampuni yetu, yeye akiwa Bukoba na mimi Hamburg. Tunachora ramani za mashamba ya kahawa ya wanachama wa vyama vya msingi, tunazilinganisha na picha za setilaiti, kisha tunaziandaa katika umbo ambalo mnunuzi wa Ulaya anaweza kuliwasilisha kwa mamlaka zake. Mwaka wetu wa kwanza umenipitisha kwenye mengi, na baadhi yake nitayagusa. Kinachonifanya nichukue nafasi hii gazetini ni swali moja ambalo nimelikuta kwenye kila mkataba, kila kikao cha wawekezaji na kila mkutano wa wakulima: ramani ya kibanja, yaani shamba la nyumbani la mkulima, ikishachorwa, ni mali ya nani?

Ndugu na marafiki wengi wameniuliza kwa nini kampuni ambayo kazi yake iko Muleba na Karagwe, mkoani Kagera, ikajengwe Ujerumani. Jibu ni kwamba anayelipa yuko huku. Hakuna nchi ya Ulaya inayoagiza kahawa mbichi nyingi kuliko Ujerumani, na Hamburg ilifungua soko lake la kahawa mwaka 1887. Yale maghala marefu ya matofali mekundu ya Speicherstadt, ambayo tangu 2015 ni urithi wa dunia wa UNESCO, siku hizi hayapokei magunia kama zamani, lakini baadhi ya waagizaji bado wana ofisi mitaa ile ile. Unapanda ngazi, unakaribishwa kwenye meza yenye vikombe vya kuonjea, na mtu aliyenunua kahawa ya Kagera miaka mingi anakueleza harufu yake vizuri kuliko wengi wetu tuliozaliwa chini ya mibuni hiyo. Meli za kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki zilianza safari zake kutoka bandari hii mwaka 1890, na tangu 2010 Hamburg na Dar es Salaam ni miji dada. Uhusiano ni wa siku nyingi. Haukuwa wa haki siku zote, na kahawa inaonyesha hivyo kwa tarakimu.

Ujerumani inatoza kodi ya kahawa ya euro 2.19 kwa kila kilo ya kahawa iliyokaangwa. Kodi hiyo huiingizia hazina yao zaidi ya euro bilioni 1 kwa mwaka. Tanzania nzima, kwa arabika ya Kilimanjaro, Mbinga, Mbozi na kwingineko pamoja na robusta yote ya Kagera, haijawahi kupata fedha kiasi hicho kwa kuuza kahawa nje katika mwaka wowote. Sisemi kodi hiyo ni dhambi. Ni nchi yao na ni haki yao kutoza. Ninachosema ni kwamba mtu anayefikiri kwenye kikombe kile hakuna fedha ya kumlipa mkulima kwa kazi anayoifanya hajaitazama hesabu hiyo.

Kusajili kampuni huku ni somo lenye mwendo wake. Kampuni ya kawaida yenye dhima ya ukomo inahitaji mtaji wa euro 25,000, na nusu yake iwe imeshalipwa kabla ya usajili. Iko aina nyingine ndogo ambayo mtaji wake unaweza kuanzia euro 1, kwa sharti kwamba robo ya faida ya kila mwaka iwekwe akiba mpaka zitimie hizo 25,000. Tulichagua hiyo ndogo, kwa sababu euro 12,500 huko Bukoba ni mishahara ya vijana wengi wa kupima mashamba. Mkataba wa kuanzisha kampuni lazima upite kwa notari, na sheria inamtaka ausome wote kwa sauti mbele yenu, neno kwa neno, pamoja na vifungu ambavyo mmeshavisoma wenyewe. Asiyejua Kijerumani vya kutosha huja na mkalimani. Baada ya hapo ni daftari la makampuni, benki, dodoso la ofisi ya kodi, uanachama wa lazima wa chemba ya biashara ya mji, na kwa mgeni kama mimi, kibali cha kuishi kama mtu aliyejiajiri, ambacho mwombaji hukipata akionyesha kwamba biashara yake ina maana kwa uchumi wa eneo lile na kwamba fedha za kuiendesha zipo.

Mambo haya huchukua miezi. Nyumbani usajili wa kampuni kwa mtandao huko BRELA, wakala wa serikali wa kusajili biashara, unaweza kukamilika haraka kuliko huku, na Watanzania tuseme hilo kwa fahari. Nilichokiheshimu Hamburg ni kwamba kila hatua ina mwisho. Karatasi ukishapewa umepewa. Hakuna anayekuja mwaka unaofuata na waraka mpya kukuambia kibali cha mwaka jana hakihesabiki. Kijana mwenye kampuni changa anaweza kuvumilia taratibu ndefu akijua zina urefu gani. Kinachomvunja moyo ni kutojua, na kwa hilo mamlaka zetu zina kazi kubwa ya kufanya.

Basi, wanunuzi. Nilipoanza kuwazungukia, nilikuta wanaiogopa sheria hii kwa sababu inayoeleweka: inaitaka kila nchi mwanachama iweke faini ambayo kiwango chake cha juu kisipungue asilimia 4 ya mauzo ya mwaka ya kampuni ndani ya Umoja wa Ulaya. Kwa mwagizaji mwenye faida nyembamba, hiyo ni kufunga ofisi. Kisha Mei 2025 Tume ya Ulaya ikatoa orodha ya nchi kwa kiwango cha hatari. Tanzania imewekwa kundi la kati, pamoja na Uganda, Ethiopia, Brazil na Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Kenya na Rwanda zimewekwa kundi la chini. Mamlaka za Ulaya zitakagua asilimia 3 ya waagizaji wa bidhaa kutoka kundi letu na asilimia 1 tu ya wale wa kundi la chini, tena mwenye kununua kundi la chini amepunguziwa masharti ya uchunguzi. Mnunuzi akiwa na kahawa mbili za ladha na bei inayokaribiana, moja ya Kenya na nyingine ya kwetu, unaweza kukisia ataegemea wapi siku akiwa na haraka. Kwa hiyo ramani zetu hazitakiwi kuwa za kubahatisha. Zinatakiwa ziwe nzuri kuliko za jirani.

Hapa ndipo kazi ilipo, na watu wengi hawaijui.

Sheria inasema shamba la kahawa lisilozidi hekta 4 linaweza kuwakilishwa na nukta moja ya latitudo na longitudo, yenye tarakimu sita baada ya desimali. Linalozidi hapo lichorwe mipaka yake yote. Vibanja vya Kagera ni vidogo, vingi havifiki hata hekta moja, kwa hiyo nukta inatosha kisheria. Tarakimu sita za desimali ni usahihi wa sentimita kama kumi na moja, ilhali simu ya kijana wa chama cha msingi ikiwa chini ya migomba hukosea kwa mita kadhaa, maana majani mapana yaliyolowa mvua huyumbisha mawimbi ya setilaiti. Unaweza kuwa na nukta iliyoandikwa vizuri kabisa na ikaangukia kwa jirani. Ndiyo maana sisi tunachora mipaka hata pale ambapo sheria haidai. Kijana anatembea na mwenye kibanja kuanzia mti wa mpaka hadi mti wa mpaka, jirani akiitwa ashuhudie. Kazi hiyo ni ya miguu na ya maneno mengi, kwa sababu mpaka wa kibanja una historia ya ukoo ndani yake, na mara nyingine kesi.

Tatizo kubwa zaidi linakuja tukishaweka mipaka hiyo juu ya picha. Setilaiti za Sentinel-2 za Ulaya hupiga picha ambazo kila kipande chake ni mita 10 kwa 10, na mtu yeyote anaruhusiwa kuzitumia bila malipo. Kituo cha utafiti cha Tume ya Ulaya kimetumia takwimu za namna hiyo kutengeneza ramani ya dunia ya misitu ya mwaka 2020. Sasa fikiria kibanja cha Kihaya kikionekana kutoka angani. Juu kuna misambya, mivule na miparachichi. Chini yake migomba. Chini ya migomba, mibuni ya robusta, mingine aliipanda babu. Chini kabisa maharage na magimbi. Ukitazama kutoka juu unaona kijani kimoja kizito, na ramani ya dunia inaweza kukisoma kijani hicho kama msitu. Mkulima akikata mti mmoja mzee ili apate mbao za kuezeka, au aking'oa mibuni iliyochoka na kupanda miche mipya, kompyuta ya huku inaona msitu umepungua mahali panapotoka kahawa. Inaandika: shaka ya ukataji wa msitu.

Kisheria mkulima huyo hana kosa. EUDR imechukua maana ya msitu inayotumiwa na FAO: eneo linalozidi nusu hekta, lenye miti ya zaidi ya mita 5 na kivuli cha zaidi ya asilimia 10, isipokuwa ardhi ambayo matumizi yake makuu ni kilimo. Kibanja ni kilimo, na kimekuwa kilimo tangu kabla ya Mjerumani wa kwanza kufika Bukoba. Wahaya walikuwa wakichemsha na kutafuna buni miaka mingi kabla haijawa zao la kusafirishwa. Lakini afisa wa Hamburg au Antwerp hajui hayo. Ana skrini yenye alama nyekundu. Mtu anayeweza kumweleza kwamba ile ni migomba na huu ni mti wa ukoo ni yule aliyesimama pale, akapiga picha kutoka chini, akaandika aina za miti, mwaka wa kupandwa mibuni na jina la jirani. Maelezo hayo ndiyo yanayoiokoa shehena. Na maelezo hayo yanatoka kwenye kinywa cha mkulima.

Kwa kweli huu ndio uvumbuzi wote wa kampuni yetu. Programu tumeiandika vizuri na naipenda, lakini kampuni kadhaa za Ulaya zina programu nzuri pia. Zinachokosa ni mtu wa kuuliza swali kwa Kihaya na kuelewa jibu.

Msimu wa mavuno uliopita nilikuwa Kamachumu, wilayani Muleba. Baada ya kikao cha chama cha msingi mzee mmoja alinivuta kando. Alikuwa ametuongoza kwenye mipaka ya kibanja chake tangu asubuhi na hakuwa na haraka.

"Mwanangu," akasema, "hiyo ramani, mnunuzi ataihitaji mwaka huu tu?"

"Hapana, baba. Ataihitaji kila msimu."

"Na kila msimu atalipa nini?"

Nilimjibu kwamba mnunuzi hulipia kahawa, na ramani huja pamoja na kahawa. Akanitazama kwa upole, akasema kahawa yake ilikuwa ikinunuliwa kabla ya ramani, na bei ya baada ya ramani ni ile ile.

Alikuwa amesema ukweli. Bei ilikuwa imepanda, ndiyo: Februari 2025 arabika ilipita dola 4 kwa ratili kwenye soko la New York, bei ambayo haikuwahi kuonekana, na robusta nayo ilipanda sana. Lakini kupanda huko kulitokana na ukame wa Brazil na Vietnam na hofu ya upungufu. Ramani haikuongeza hata senti. Wakati huo huo, kwenye ofisi za Ulaya, ile ramani ilikuwa na thamani kamili: ndiyo ambayo ingemruhusu mwagizaji aendelee kuagiza sheria ikianza, ndiyo ambayo ingemlinda dhidi ya faini, na ndiyo ambayo mkaangaji mkubwa alimlipa mwagizaji ziada kidogo ili awe nayo. Njia nzima ilikuwa inapitisha fedha kwa ajili ya ushahidi, isipokuwa mwanzo wa njia, ambako ushahidi unatengenezwa.

Mkataba wa kwanza mkubwa tulioletewa na mnunuzi mmoja ulikuwa na kifungu kifupi kilichosema taarifa zote za mashamba zitakazokusanywa zitakuwa mali yake peke yake, milele, duniani kote, na atakuwa huru kuzihamishia kwa mtu mwingine. Tuliomba kifungu kibadilishwe. Walikuwa watu waungwana na walitujibu kwa uungwana kwamba haiwezekani. Hatukutia saini. Miezi iliyofuata ilikuwa migumu na tuliwalipa vijana wa Bukoba kwa shida, lakini sijajutia uamuzi ule hata siku moja.

Kwa wawekezaji hali haikuwa tofauti sana. Kila anayefikiria kutia fedha kwenye kampuni changa hutaka kujua kampuni inamiliki nini. Nilipoeleza kwamba ramani ni za wakulima na vyama vyao, na kwamba sisi tuna leseni tu ya kuzichakata, baadhi walifunga madaftari. Waliona hakuna cha kushika. Naelewa hesabu zao. Kampuni yenye ramani za vibanja laki moja ambazo mnunuzi hawezi kuzipata kwingine inaweza kuuzwa kwa fedha nyingi. Wahusika wangekuwa kwenye meza ya Hamburg au London, na mzee wa Kamachumu asingejua kwamba kibanja chake kimebadilisha mikono. Ninaijua biashara inayoweza kujengwa hivyo, na naamini Mwafrika hapaswi kuijenga.

Kagera tuna uzoefu unaofanana na huu, nao ni butura. Mtu ana shida ya ada au ya msiba, kahawa bado iko kwenye maua, mwenye fedha anampa kidogo leo na kujihesabia mavuno yote ya kesho. Serikali imeipiga marufuku butura na viongozi wa mkoa wanaikemea kila msimu, kwa sababu wote wameona inavyofanya familia zifanye kazi bila kuvuna. Kifungu kile cha mkataba ni butura ya ramani. Mkulima anatoa leo, kwa kikao kimoja na soda, kitu ambacho kitavunwa na mwingine kila msimu.

Na nchi yetu imewahi kuchorewa ramani na watu wengine. Novemba 1895 utawala wa Kijerumani ulitoa amri kwamba ardhi yote ya Afrika Mashariki ya Kijerumani isiyokuwa na mwenyewe aliyethibitika ni ya himaya. Kuthibitika huko kulitegemea karatasi, na karatasi zilikuwa kwa wapimaji wao. Ardhi nyingi za Usambara na Kilimanjaro zilizogeuka mashamba ya walowezi zilipitia mlango huo. Sheria ya leo ya Ulaya ina nia njema, na mimi mwenyewe nataka misitu ibaki. Lakini anayeshika karatasi ya ardhi hushika sauti kuhusu ardhi hiyo, na hilo halijabadilika tangu 1895.

Sheria zilizopo zinasaidia kwa sehemu. Kwa kuwa kampuni yetu imesajiliwa ndani ya Umoja wa Ulaya, kanuni yao ya ulinzi wa taarifa binafsi, GDPR, inatubana hata kwa taarifa za mtu aliyeko Muleba. Mkulima huyo ana haki ya kuona tulichonacho kumhusu, na pale taarifa zinapotokana na ridhaa yake au mkataba naye, ana haki ya kupewa alizotupatia katika umbo ambalo anaweza kuzihamishia kwingine. Hii ni faida ya kujenga huku ambayo sikuitarajia. Nyumbani tunayo Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, iliyoanza kutumika Mei 1, 2023, yenye Tume yake. Zote mbili zinamlinda mtu. Hakuna hata moja kati ya hizo inayosema nani alipwe ramani yake inapotumika kibiashara. Pengo hilo ndilo linalojazwa na mikataba ya wenye nguvu.

Nimezungumza pia na Wakongo wa Kivu walioko Brussels wanaofanya kazi kama yetu. Kwao swali lina uzito mwingine. Tangu Januari na Februari 2025, Goma na Bukavu zilipoangukia mikononi mwa waasi wa M23, orodha yenye majina ya wakulima na mahali nyumba zao zilipo inaweza kugharimu maisha. Wamesimamisha sehemu ya kazi yao kwa sababu hiyo, na wanunuzi wengine hawakuelewa. Ulaya inadai usahihi wa sentimita kutoka mahali ambapo mtu analala porini kuokoa roho yake. Wanaoandika miongozo ya sheria hii walipaswa kuwasikiliza watu wa Kivu mapema.

Wapo wanaosema suluhisho ni serikali kushika kila kitu. Uganda imeanza kusajili wakulima wake wa kahawa kitaifa, na sisi tuna daftari la wakulima lililotokana na mbolea ya ruzuku. Daftari la taifa ni jambo jema, na litapunguza gharama ya kila kampuni kuanza upya. Hata hivyo historia yetu inanifanya nitake zaidi ya hapo. Wakulima wa Kilimanjaro waliunda chama chao mwaka 1925, kikazaa chama kikuu cha ushirika, KNCU, mwaka 1933, na Kagera nayo ikajenga ushirika wake. Mwaka 1976 vyama vikuu vilivunjwa kwa uamuzi wa juu, na sheria ya kuvirudisha ikaja 1982. Kilichokuwa mali ya wanachama kiliondoka bila wao kuulizwa. Kwa hiyo nataka nakala tatu: moja ya mkulima mwenyewe, kwenye karatasi, iliyopigwa muhuri wa chama chake, moja ya chama cha msingi, na moja ya taifa. Kampuni kama yetu ipewe ruhusa ya kutumia, kwa msimu, kwa kazi iliyotajwa, na ruhusa hiyo iwe na bei.

Bei ninayoitetea kwenye kila kikao ni senti 2 za euro kwa kila kilo ya kahawa inayosafirishwa kwa ushahidi wa ramani. Chama cha msingi kinachopeleka tani 100 kingepata euro 2,000 kwa msimu. Fedha hizo zinatosha kuwalipa vijana wa kurudia vipimo, kununua simu na kutunza kumbukumbu, na nyingine zikabaki kwa wanachama. Kwa mnywaji wa Hamburg ni kama asilimia 1 tu ya kodi ya kahawa anayoilipa bila kulalamika. Wapo wanunuzi waliokubali. Ni wadogo, wanaouza kahawa ya chimbuko moja, lakini wametia saini na wamelipa. Wakubwa wananiambia watasubiri kwanza wawaone wenzao.

Kuahirishwa kwa Desemba kumewapa sababu ya kusubiri zaidi. Wiki ile habari zilipothibitishwa, wateja wawili walisimamisha malipo ya awamu iliyokuwa inafuata. Kwao ni mwaka mwingine wa kupumua. Kule Muleba na Karagwe wakulima walikuwa wameshatembea mipaka, wameshaita majirani, wameshapoteza siku za kupalilia, na hakuna aliyewatumia barua ya kuwaambia tarehe imesogezwa. Mwenzangu ndiye aliyezunguka kwa pikipiki kuwaeleza, chama kwa chama. Hili linaniuma kuliko hasara yetu. Brussels ilihesabu gharama ya kampuni za Ulaya ambazo hazikuwa tayari, na kwenye mjadala nilioufuatilia sikusikia hesabu ya mkulima aliyekuwa tayari.

Mwaka huu ulioongezwa ndio nafasi. Sheria haijaanza, mikataba mingi bado ni rasimu, na mnunuzi ambaye hajawa na ramani bado anahitaji kukaa mezani na aliye nayo. Bodi ya Kahawa ikishirikiana na Tume ya Maendeleo ya Ushirika inaweza kutoa kifungu kimoja cha mfano kuhusu umiliki wa ramani na ada ya matumizi, na kukifanya sharti kwa kila msafirishaji anayenunua kutoka vyama vya msingi. Jambo hilo halihitaji bajeti mpya. Linahitaji kufanyika kabla ya Mei, Kagera inapoanza kuvuna robusta, kwa sababu kuanzia hapo vijana wenye simu watapita vijijini tena, wa kwetu na wa kampuni nyingine, na kila mzee atakayeweka dole gumba kwenye fomu atakuwa ameshaamua. Kifungu tunachotumia sisi kimeandikwa kwa Kiswahili na Kijerumani, kimepitiwa na mawakili wa Dar es Salaam na wa Hamburg, na kipo kwenye ofisi yetu ya Bukoba. Chama chochote cha msingi kinaweza kuja kukichukua bila malipo na kukitumia dhidi ya mtu yeyote, hata dhidi yetu.